Mjukuu wa Mkwawa kwenye Kiti cha Spika

Tarehe 19 Juni 1954 watu walifurika Kalenga, kijiji kilicho nje kidogo ya mji wa Iringa. Gavana wa Tanganyika, Sir Edward Twining, alikuja na fuvu la kichwa. Lilikuwa limetoka kwenye jumba la makumbusho la Bremen, Ujerumani, na serikali ilisema ni la Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyejipiga risasi mwaka 1898 ili Wajerumani wasimkamate akiwa hai. Aliyelipokea ni mjukuu wake, Chifu Adam Sapi. Wahehe walikuwa wamelisubiri muda mrefu. Kifungu cha 246 cha Mkataba wa Versailles wa 1919 kiliitaka Ujerumani ilitoe fuvu hilo katika miezi sita. Ikapita miaka 35.

Siku 18 baada ya shughuli ile, tarehe 7 Julai, watu 17 walikutana Dar es Salaam. Wakakigeuza chama cha zamani cha Waafrika, TAA, kuwa chama cha siasa kamili. Wakakiita TANU, na rais wake akawa mwalimu wa shule ya Pugu, Julius Nyerere, mwana wa Mtemi Nyerere Burito wa Wazanaki.

Kalenga, serikali ya kikoloni iliheshimu kiti cha enzi. Dar es Salaam, kilizaliwa chombo ambacho kabla ya miaka kumi kutimia kingeviondoa viti vyote vya enzi katika sheria za nchi. Na Adam Sapi, aliyepokea fuvu la babu yake kama mtawala wa watu wake, mwaka 1962 aliketi kwenye kiti cha Spika wa Bunge la Tanganyika, mbele ya wabunge waliotoka kila upande wa nchi. Tumezoea kuusema umoja wetu kama vile uliota wenyewe kwenye ardhi hii. Haukuota. Ulijengwa, na waliobomolewa nyumba zao ili upatikane uwanja wa kuujenga ni watu wenye majina.

Turudi nyuma kama miaka 100 kabla ya siku ile ya Kalenga. Hapakuwa na Tanganyika, ila jina la ziwa. Bara lote lilikuwa la viti vingi, na kila kiti kilikuwa na jina lake. Wanyamwezi na Wasukuma walikuwa na mtemi. Wachagga walikuwa na mangi, na si mmoja: karibu kila mgongo wa Mlima Kilimanjaro ulikuwa na wake, na Sina wa Kibosho na Rindi wa Moshi walipigana vita bila kuchoka. Magharibi ya Ziwa Nyanza alitawala omukama, na huko Karagwe ndiko Omukama Rumanyika alikomkaribisha msafiri Mwingereza Speke mwaka 1861. Waha walikuwa na mwami. Wafipa walikuwa na tawala mbili, Nkansi na Lyangalile. Wangoni, waliotembea kutoka kusini kabisa mwa Afrika, walikuwa na nkosi wawili, mmoja wa Njelu na mwingine wa Mshope. Usambara ilitawaliwa kutoka Vugha na Wakilindi, uzao wa Mbegha, yule mwindaji ambaye wazee wa Kisambaa husimulia jinsi alivyokubalika kwa kugawa nyama.

Wapo waliojaribu kuziunganisha tawala hizo kwa nguvu zao wenyewe. Mirambo alianza na utemi mdogo, akajenga dola kubwa yenye makao Urambo. Miaka ya 1870 alipigana na wafanyabiashara Waarabu wa Tabora mpaka njia ya misafara ikafungwa. Alikuwa na ruga-ruga, vijana wa vita waliotoka makabila mbalimbali, wasio na ukoo wa kuutii isipokuwa yeye. Mirambo alifariki Desemba 1884, na dola yake ikaanza kumomonyoka mara moja, kwani aliyemrithi, Mpandashalo, hakuweza kuishika. Iringa, Munyigumba aliunganisha tawala ndogo za Uhehe, na mwanawe Mkwawa akazipanua. Hao ndio waliokaribia kabisa kuwa na taifa kwa maana tunayoijua leo, na ndiyo maana Wajerumani waliwaogopa kuliko wengine wote.

Lakini chini ya vita hivyo kulikuwa na kazi nyingine ikifanywa, tena na watu wasio na viti. Wapagazi wa Kinyamwezi walishuka kwa maelfu kila mwaka kutoka Tabora hadi Bagamoyo, wakipita kwenye nchi ya Wagogo, ya Wakaguru, ya Wazaramo. Mtu akifia njiani lazima azikwe na wageni. Akiishiwa chakula lazima alishwe na wageni. Hapo ndipo ulipokomaa utani wa Wanyamwezi na Wazaramo: haki ya kumtukana mwenzio bila kugombana, na wajibu wa kumzika. Wahehe na Wangoni walipigana vikali mwishoni mwa miaka ya 1870, hakuna aliyemshinda mwenzake kabisa, na vita hivyo vikazaa utani unaoendelea mpaka leo misibani. Mimi naamini kwamba mtu akitafuta mahali umoja wa Tanzania ulipoanzia, aanzie kwenye matanga hayo kabla hajafika kwenye katiba yoyote.

Pamoja na utani kilipanda Kiswahili. Kilipanda na chumvi, shanga na vitambaa. Hata alama ya utemi wa Unyamwezi ilitoka pwani: kibangwa, kisahani kilichokatwa kwenye kombe la bahari, ndicho mtemi alichovaa kuonyesha enzi yake. Mtawala wa nchi kavu, zaidi ya mwezi mzima wa kutembea kutoka pwani, alikuwa amejivika bahari.

Wajerumani walipokuja walivivunja viti vile vilivyokuwa na nguvu. Agosti 1891, huko Lugalo, Mkwawa alikivizia kikosi cha Emil von Zelewski akakiteketeza, na Zelewski mwenyewe akauawa. Walirudi mwaka 1894 na mizinga, Kalenga ikaanguka, na Mkwawa akaishi porini miaka minne. Tabora, Januari 1893, Mtemi Isike wa Unyanyembe alipoona ngome yake imeingiliwa aliilipua ghala ya baruti akiwa ndani. Mangi Meli wa Moshi alinyongwa mwaka 1900. Kusini, baada ya Vita vya Majimaji, Nkosi Mputa Gama na Nduna Songea Mbano walinyongwa mwaka 1906, na mji wa Songea umebeba jina la huyo wa pili.

Majimaji yanahitaji kutazamwa kwa makini zaidi. Kinjeketile Ngwale wa Ngarambe hakuwa mtemi wala nkosi. Hakurithi kiti chochote. Lakini maji yake ya dawa yalivuka mipaka ambayo hakuna mtawala aliyewahi kuivuka: Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, Wambunga, mwishoni na Wangoni. Kwa mara ya kwanza watu wa tawala mbalimbali, na wengine wasio na watawala kabisa, walipigana vita moja. Walishindwa, na njaa iliyofuata baada ya Wajerumani kuchoma mashamba na maghala iliua watu wengi kuliko risasi. Miaka 50 baadaye Nyerere aliwaambia wasikilizaji wake kwamba TANU itadai uhuru bila kumwaga damu, na wazee wa kusini walimwelewa haraka, kwa sababu walijua damu inavyomwagika.

Mjerumani aliacha na vitu vingine ambavyo hakuvikusudia kuwa zawadi kwetu. Aliwatuma maakida, wengi wao watu wa pwani, wakatawale bara kwa Kiswahili. Alijenga reli ya kati, iliyofika Kigoma mwaka 1914, ikifuata karibu njia ile ile ya wapagazi. Alifungua mashamba ya mkonge Tanga, na manamba wakaja kutoka Ufipa, Unyamwezi na Ungoni wakalala kwenye kambi moja.

Waingereza walishika njia tofauti. Sir Donald Cameron alifika kama gavana mwaka 1925, na mwaka uliofuata ikatoka sheria ya utawala wa wenyeji. Aliamini kwamba kila Mwafrika ana kabila lake na kila kabila lina mkuu wake, na kwamba kazi ya serikali ni kumtafuta huyo mkuu na kumtumia. Hapo mtemi, mangi, omukama, mwami na nkosi wote wakawa kitu kimoja kwenye karatasi: chifu. Neno lenyewe ni la kuazima, na linaficha mengi. Omukama aliyerithi vizazi vingi vya ufalme na mzee aliyeteuliwa jana na bwana shauri waliwekwa kwenye fungu moja, wakapangiwa mishahara, wakapewa hazina na mahakama zao, na wakaambiwa wakusanye kodi.

Mshahara ulifanya kazi ambayo kitanzi cha Mjerumani hakikuweza kuifanya. Meli alinyongwa akabaki shujaa. Chifu aliyelipwa na serikali alilazimika kuzitekeleza amri za serikali hiyo. Baada ya Vita Kuu ya Pili amri hizo zikazidi: punguzeni ng'ombe, chimbeni matuta, msilime mteremkoni. Uluguru mwaka 1955 watu waligoma kuchimba matuta na ghasia zikazuka. Usukumani waliona mtemi wao ndiye anayewatoza faini kwa kosa la kulima. Kiti kilikuwa bado kipo, ngoma zake zipo, lakini wenye kuinama mbele yake walikuwa wanapungua.

Na bado historia ingeweza kwenda kwingine. Mwaka 1946 Waingereza waliunda shirikisho la Usukuma, wakaziweka tawala zaidi ya 40 chini ya baraza moja lenye makao Malya. Kilimanjaro watu wenyewe walidai mkuu mmoja, na Thomas Marealle akawa Mangi Mkuu wa Wachagga wote. Tarehe 10 Novemba ikawa siku ya kusherehekea Uchagga. Mwenye busara wa wakati ule angeweza kutabiri kwamba Tanganyika itagawanyika kuwa mataifa madogo matano au sita: Uchagga wenye kahawa, Usukuma wenye pamba, Buhaya wenye shule, Uhehe wenye askari. Haikuwa ndoto ya wajinga. Watu walioiota walikuwa wasomi wa mstari wa mbele, na waliwapenda watu wao.

Kilichoizuia ndoto hiyo nakiona kwenye maisha ya kila siku zaidi ya hotuba. Mkulima wa kahawa wa Kilimanjaro alikuwa na chama cha ushirika tangu mwaka 1933, kile cha KNCU. Mkulima wa pamba wa kanda ya ziwa alipata muungano wa ushirika chini ya Paul Bomani mwaka 1955. Bei ya zao lake haikuamuliwa na mangi wala mtemi, na yeye alijua hivyo. Vijana wa watemi walikusanywa Tabora, katika shule iliyoendelezwa miaka ya 1920 hasa kwa ajili ya wana wa machifu. Serikali ilitaka kulea watawala wa makabila. Badala yake ilimlaza mtoto wa Mzanaki kitanda cha jirani na mtoto wa Mnyamwezi na wa Msukuma kwa miaka mingi, na mmoja wao alikuwa Nyerere.

Kisha ikaja TANU, ikizungumza Kiswahili. Bibi Titi Mohamed wa Dar es Salaam alisafiri bara akihutubia wanawake, na hakuwa na ukoo wa kifalme wa kumtambulisha popote. Kadi ya chama ilikuwa ile ile Lindi na Bukoba. Mtu aliyetoka kambi ya mkonge na kadi mfukoni alirudi kwao akiwa na kitu ambacho chifu wake hakuweza kumpa wala kumnyang'anya.

Gavana Twining aliliona hilo. Mei 1957 aliwaita machifu wa Tanganyika nzima Mzumbe, karibu na Morogoro, na kuunda mkutano wao wa kitaifa. Alitumaini watakuwa ukuta dhidi ya TANU. Lakini kuwakutanisha watawala waliokuwa hawajawahi kukaa chumba kimoja kuliwafanya wajitazame kama watu wa nchi moja. Wengi wao walikwisha kuhesabu upepo unavuma wapi. Chifu Abdallah Fundikira wa Unyanyembe, wa kiti kile kile cha Isike, alikuwa mtu wa TANU. Adam Sapi vilevile. Ukuta wa Twining ulikuwa na milango mingi.

Pigo kubwa lilitoka mlimani. Mapema mwaka 1960 Wachagga walipiga kura kuamua kama waendelee na Mangi Mkuu au wawe na rais wa kuchaguliwa. Walichagua rais, na Marealle akaondoka kwenye kiti. Napenda kulikumbusha jambo hili, kwa sababu wengi hudhani uchifu ulifutwa na Dar es Salaam peke yake. Kilimanjaro, watu walioujenga umangi mkuu kwa mikono yao waliubomoa kwa kura zao, zaidi ya mwaka mzima kabla ya uhuru. Usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961 Luteni Alexander Nyirenda alisimamisha bendera na Mwenge juu ya Kibo. Mlima uliogawanywa kwa vizazi kati ya mangi na mangi ukawa wa nchi nzima.

Mwaka mmoja baadaye Tanganyika ikawa jamhuri, na mwanzoni mwa 1963 sheria ikafuta mamlaka ya machifu wote. Tazama nani aliyeathirika. Edward Wanzagi, chifu wa Wazanaki, alikuwa kaka yake Rais. Nyerere alifunga mlango wa nyumba ya baba yake mwenyewe, na sidhani kama kuna kiongozi angeweza kuwaambia Wahehe au Wanyamwezi wakubali kama asingeanza hapo. Mahakama za wenyeji zikaingizwa kwenye mahakama za serikali. Mahali pa baraza la chifu ikaja halmashauri ya wilaya. Mashamba ya nyarubanja ya Buhaya, ambapo mkulima alimlipa bwana ushuru kwa migomba aliyoipanda mwenyewe, yakafutwa mwaka 1965 na shamba likawa la aliyelilima. Baadhi ya waliokuwa machifu waliajiriwa serikalini. Wengine walirudi kwenye ng'ombe wao.

Haikumwagika damu. Majirani zetu Uganda hawakupata bahati hiyo: tarehe 24 Mei 1966 jeshi lilivamia kasri ya Mengo, Kabaka Mutesa II akakimbilia Uingereza, na katiba ya 1967 ikafuta falme zote kwa amri. Buganda ilikuwa kubwa, na tangu mkataba wa 1900 ilikuwa na ardhi na hadhi iliyoandikwa. Kwetu, tawala zenye nguvu ya namna hiyo zilikwisha kuvunjwa na Wajerumani, na kabila kubwa kuliko yote, Wasukuma, lilikuwa limegawanyika katika watemi wengi, kila mmoja na kaeneo kake. Tusijisifu mno kwa hekima. Sehemu ya amani yetu ilinunuliwa kwa vichwa vya kina Isike na Meli.

Wala si kila kitu kilichofutwa kilistahili kufutwa. Mtemi alikuwa mlinzi wa misitu, wa vyanzo vya maji, wa akiba ya chakula, na mkuu wa wilaya aliyehamishwa kila baada ya muda hakujua mti upi usikatwe. Sauti za kupinga pia zilinyamazishwa. Fundikira, waziri wa sheria katika serikali ya uhuru, alijiuzulu mwaka 1963, nchi ilipokuwa inaelekea kwenye chama kimoja. Alingoja karibu miaka 30 ndipo akaanzisha chama chake, mfumo wa vyama vingi uliporudi. Mtu yule alikuwa amekubali kuupoteza utemi wake bila vita; alichokataa ni kupoteza haki ya kubishana. Nchi ilikosea kutomsikiliza.

Zanzibar ina historia yake, yenye mapinduzi ya Januari 1964 na Muungano wa Aprili mwaka huo, na haiwezi kuwekwa kama mkia wa hii. Itoshe kusema kwamba aliyechanganya udongo wa pande mbili siku ile ya Muungano alikuwa mwana wa mtemi.

Adam Sapi Mkwawa aliongoza Bunge hadi 1973, akarudi kitini 1975, akakaa hadi 1994. Aliendesha vikao kwa Kiswahili, lugha ambayo babu yake hakutawala kwayo. Fuvu lililotoka Bremen liko Kalenga, kwenye jumba dogo la makumbusho, na mlango wake uko wazi kwa yeyote atakayefika, awe Mhehe au Mngoni.